Kabichi za Mama Katika Sinema Isiyo na Sauti

Miaka ile ya vijiji vya Ujamaa, gari la sinema lilikuja Mlola na picha iliyopigwa sokoni kwetu mwaka uliotangulia. Picha haikuwa na sauti. Kati ya kupigwa na kuonyeshwa kwake mama yetu alifariki, nami nikarudi kutoka mashamba ya mkonge nimeyakosa mazishi.

Giza lilipoingia, shuka likatundikwa ukutani mwa ghala. Watu wetu hawakuuvumilia ule ububu. Kila aliyejiona alisimama akasema, kwa Kishambaa, maneno aliyoyasema siku ile, na midomo yake pale shukani ikawa kama inamtii. Muuza ndizi akarudia bei zake.

"Ulinidanganya wewe," mteja wake akamjibu kutoka gizani. "Zilikuwa mbichi."

Halafu akatokea mama, ameinamia tenga la kabichi, mdogo wangu kando yake. Akainua uso na kusema kitu. Nikasimama. Mimi ndiye mzaliwa wa kwanza, na kwetu kumsemea mzazi ni kazi ya mkubwa. Nikafungua kinywa. Sikujua alisema nini.

"Keti, baba," akaniambia bibi mmoja jirani yetu. "Siku hiyo ulikuwa Korogwe unakata mkonge. Mwache mwenzio aliyekuwepo."

Mdogo wangu akasimama, akasema kwa ukali uleule wa mama: "Sogea huko, unanikanyagia kabichi. Macho unayo ya nini?"

Watu wakacheka, wengine wakajifuta machozi. Mimi nilimwonea wivu. Angeonekana peke yake kwenye shuka lile usiku kucha nisingejali, lakini yeye alikaripiwa na mama. Mimi kila niliporudi kutoka huko nilikozurura, mama alinipokea kama mgeni: kiti, maji ya kunawa, kuku. Akiniona nimekosea jambo, alinyamaza. Nilidhani ni heshima, hata nikajivunia.

Tulipokuwa tukipanda mlima kurudi nyumbani, nilimuuliza mdogo wangu, kama mtu anayeuliza habari za mvua, iwapo siku ile ya soko mama alinitaja popote.

Akanishika mkono tulipofika penye utelezi.

"Kaka," akasema, "siku ile tulikuwa na kabichi nyingi sana, hata nafasi ya kuzungumza hatukuipata."