Kaseti ya Mama sasa iko safi

Bandugu, leo nililia mbele ya fundi, na yeye hakufanya kosa.

Ile théâtre ya televizyo, wakati wa Zaïre, Papa alikuwaka anaikamata sauti na radio-kaseti, kwetu ku camp ya Base. Kisha akavunja tule tumeno twa plastique twa juu ya kaseti, muntu asikamate tena kitu juu yake.

Ile kaseti, minyi niko nayo. Na hapa ku groupe kila siku munaniomba: "Tutumie! Lakini son, ile sauti, ikuwe muzuri!"

Basi nikaipeleka kwa fundi, asafishe son.

Leo tunasikiliza. Ba-acteur banasikika kama biko mu nyumba!

Nikangoja pale mu kaseti Mama anacheka. Papa alimuambiaka, "Nyamaza, tunakamata sauti!" Yeye akazidi kucheka.

Kimya.

"Ile makelele? Nilitoa yote," fundi anasema. "Kaseti ni ile ile. Nilifunika tutundu twa tumeno na papier collant, nikaweka son mupya juu ya ile ya zamani."

Mama alikufa wakati simu za kukamata sauti hazijafika. Sauti yake haiko fasi ingine.

Son njo hii, bandugu. Iko muzuri sana.

Pale muzee wa mu théâtre anaanguka na kiti, mutasikia kimya kidogo.

Pale njo kulikuwaka Mama.