Makungu Hakugonga

Inatangazwa kwa watu wote wa Kidimbwini, wa Juu na wa Chini, wanaosikia kwa masikio na wanaosikia kwa umbea, ya kwamba kesho ndiyo siku ya Mwaka. Makungu bin Vuai, mchoma chokaa, mume wa mke mmoja na mfugaji wa mbuzi wasio na adabu, ataingia bandani mbele ya umma. Banda litatiwa moto. Makungu atakufa kama ilivyo ada, atalala kichakani kama maiti mwenye haya zake, kisha atafufuka ale wali. Mwenye ugomvi na aje nao, na bua lake la mgomba mkononi, kwani ugomvi hauvushwi mwaka. Mwenye chama akifungie tunduni pamoja na kuku wake.

Ndivyo alivyonadi Mzee Kificho, mkuu wa Mwaka, baada ya kupuliza pembe mpaka macho yakamtoka. Maneno yote yalipokewa kwa vigelegele, isipokuwa yale ya mwisho. Yale yalipokewa kwa guno.

Ulikuwa mwaka wa hamsini na nane, na siasa ilikuwa imeshafika shamba. Ilikuja kutoka mjini juu ya lori, na vipaza sauti viwili, vya vyama viwili. Majina yake tuyaache, jamaa zao wangali hai na mawe hayajesha barabarani. Itoshe kusema kwamba watu wa Juu walichukua kimoja na watu wa Chini wakachukua cha pili, kama watoto waliogaiwa boga. Na hiyo Juu na Chini yenyewe ni jina tu, maana Kidimbwini ni tambarare kama sinia; ukitema mate Juu hayashuki Chini. Hata hivyo, katika mwaka mmoja kisima kiligawanywa, duka likasusiwa, mume wa Juu akampa talaka mke wa Chini kwa kosa la kushangilia, na ng'ombe mmoja aliyekuwa wa shirika akabaki hakamwi na yeyote, akilia usiku na mchana kwa uzito wa kiwele. Huyo peke yake ndiye aliyekuwa na hoja.

Makungu alikuwa wa Juu. Mlamu wake Mjaka, kaka wa mkewe Mwanapili, alikuwa wa Chini. Mjaka alikuwa fundi wa kusuka madema, na vidole vyake vilikuwa virefu na vyepesi hata samaki, walisema watu, wakiingia demani kwa ajili ya kustaajabia kazi. Wawili hawa walikuwa wakila sahani moja tangu Makungu alipooa. Lakini mfungo mosi wa mwaka ule mama yake Makungu alifariki, na chama cha Chini kilikuwa kimeshapitisha kwamba mtu wao haziki upande wa pili. Jeneza lilipopita mbele ya nyumba ya Mjaka, Mjaka alisimama kizingitini, kofia mkononi. Hakutoka kutia bega. Makungu alimwona. Tangu siku hiyo walipokutana njiani kila mmoja aliona jambo la ajabu sana juu ya minazi.

Yote hayo yangekuwa ya kawaida kwa zama zile, lau si lile banda.

Banda la Mwaka la Kidimbwini hujengwa kwa makuti makavu, dogo, la mtu mmoja. Anaingia mtu wa Juu, na mlango unafungwa nyuma yake kwa kamba. Nyuma ya banda kuna pazia la makuti lililozuiwa kwa kijiti kimoja, na kijiti hicho kiko nje. Banda likishawaka, wa ndani hupenyeza mkono kwenye makuti, akagonga kijiti mara tatu. Wa nje, ambaye lazima awe mtu wa Chini, hukichomoa, pazia huanguka, na wa ndani hukimbilia kichakani huku watu wakimtupia madongo na wanawake wakimlilia. Wazee walikuwa na maana yao: roho ya mtu wa Juu imo mkononi mwa mtu wa Chini, na mkono wa mtu wa Chini umo machoni pa kijiji kizima. Miaka yote ile aliyeingia alikuwa Makungu, kwa kuwa moto ni kazi yake. Na aliyechomoa kijiti alikuwa Mjaka.

Kwa hiyo jioni ile ya mbiu watu walikaa kikao barazani pa msikiti, na kikao kikawa cha moto kuliko banda.

"Sisi hatumtii mtu wetu motoni ufunguo awe nao adui," alisema mmoja wa Juu.

"Adui nani? Huyu aliyekuozeni dada yake?" wakajibu wa Chini. "Mngesema mapema, tukamchukua."

"Mchukueni, na mbuzi wake mchukue!"

Bwana Borafya, mtu wa mjini, aliyekuja na lori kutoka Darajani kuja kuuhutubia Mwaka kana kwamba Mwaka ulikuwa mwanachama, alisimama, akakohoa kwa niaba ya chama cha Juu. "Ndugu wananchi! Katika wakati huu wa mwamko, mimi napendekeza iundwe kamati ya kijiti, yenye wajumbe—"

"Kaa kitako, bwana," Mzee Kificho alimwambia. "Moto hausubiri wajumbe."

Borafya akakaa. Mzee Kificho akamgeukia Mjaka. "Mjaka! Utafungua?"

"Naam," alijibu Mjaka, akitazama vidole vya miguu yake. "Nitafungua kama ada."

Makungu alilichukua lile jibu kwenda nalo nyumbani, akaligeuza huku na huku kama mtu aliyeuziwa samaki machweo. Kama ada. Kuzika nako si ada?

"Kaka'angu atafungua," Mwanapili alimwambia, akipepeta mchele wa siku ya pili. "Mimi nnamjua."

"Na mimi nilikuwa nikimjua."

"Basi usiingie. Sema unaumwa."

"Nikisema naumwa, Juu watasema nimewauza, Chini watasema nimeogopa. Na kweli nnaogopa, lakini hilo si la kuwapa bure."

Mwanapili akaupuliza ungo. Makapi yakamrukia mumewe usoni, na hakuomba radhi.

Alfajiri, watu wakiwa msikitini, Makungu alikwenda uwanjani na kisu. Mchoma chokaa hujua upepo kama muuza duka anavyojua mizani yake. Alijua moshi utaangukia ubavu wa kushoto, kwenye kichaka, ambako hakuna atakayesimama kwa ajili ya macho yake. Akakata kamba za makuti ya ubavu huo kwa ndani, akayaegemeza yasimame kama yaliyofungwa. Kisha akarudi, akatawadha, akasali peke yake, na sala ile haikumkaa vizuri mwilini.

Mwaka uliingia kwa mabua. Kwa desturi watu hupigana mpaka wacheke: unamtandika jirani yako bua kwa ajili ya kuku wa mwaka jana, naye anakutandika kwa ajili ya mpaka wa shamba, bua linapasuka, maji yanakurukieni, mnashikana mabega, yamekwisha. Mwaka ule mabua yalipasuka na hakuna aliyecheka. Mzee Kificho alipuliza pembe mara ya kwanza, ya pili, watu wanaendelea. Bwana Borafya, aliyesimama juu ya lori kueleza maana ya umoja, alipata bua la shingo ambalo pande zote mbili zilikana kulitupa.

Wanawake ndio waliowatenganisha. Waliingia katikati ya uwanja na kanga zao mpya, wa Juu na wa Chini safu moja, maana wao walikuwa bado wanaazimana chumvi kwa mlango wa uani. Mwanapili ndiye aliyetoa shairi:

*Mmeshagawa kisima, gaweni na mvua,*
*mmeshagawa na njia, gaweni na jua,*
*na sie tugawe vyungu, mlale na njaa mkijua!*

Akalirudia mbele ya mumewe, kisha akenda kulirudia mbele ya kaka yake, kwa kiuno kile kile. Wanaume wakatupa mabua, wengine kwa aibu, wengine kwa kufikiria vyungu.

Makungu akaingia bandani.

Mlango ukafungwa. Alisikia moto ukitiwa, ule mlio anaoujua, kama mtu anayekunja karatasi. Kupitia tundu za makuti ya nyuma aliona miguu ya Mjaka, imesimama karibu sana na banda. Karibu kuliko miaka mingine. Kwa nini karibu? Ili afungue upesi, au ili azuie? Joto likampanda kifuani. Mkono wake ulikwenda kwenye kijiti, ukasimama hewani. Jeneza lilikuwa jepesi siku ile, mama alikuwa amekonda. Wangeweza kulibeba watu wawili, yeye na mlamu wake.

Hakugonga. Alisukuma makuti ya ubavuni, akatoka pamoja na moshi, akatambaa mpaka kichakani, akajilaza kifudifudi kama maiti. Hakuna aliyemwona. Hapakuwa na hata dongo moja la kumsindikiza.

Akasikia wanawake wanaanza kulia. Akajiambia: mwaka huu wamejitahidi. Kisha akasikia sauti ya mwanamume.

"Mlamu! Mlamu, we! Gonga!"

Neno lile hakulisikia tangu mfungo mosi. Akadhani anachezewa. Maiti hajibu, hiyo ni ada, na Makungu siku ile alishika ada kwa meno.

"Mlamu, uko wapi?"

Kikafuata kishindo cha paa kuanguka, na kilio cha Mwanapili, ambacho hakikuwa cha Mwaka.

Alipofika uwanjani, majani yamemganda kifuani, walikuwa wameshamtoa Mjaka. Alikuwa amesubiri kugongewa, asigongewe. Amekichomoa kijiti, asitoke mtu. Akaingia mwenyewe, akapapasa makaa kutafuta mtu ambaye hayumo. Kanzu ilimwokoa kifua. Mikono haikuokolewa na kitu.

Kijiji kilimtazama Makungu, mzima, bila mkwaruzo, na kila upande ukaupata ukweli wake hapo hapo. Juu walisema Mjaka alikawia kufungua, Mungu akamlipa. Chini walisema Makungu alitega mtego, akamwita mlamu wake motoni kwa uchawi wa wachoma chokaa. Ukweli wenyewe ulikuwa majivu pale ubavuni pa banda, na majivu hayana upande.

Mwanapili hakuuliza. Alikuwa ameshaona kisu mahali pasipo pake asubuhi.

Sasa, siku ya Mwaka hapaswi mtu kula peke yake. Nyumba isiyo na mgeni haina heri mpaka Mwaka mwingine. Jioni Makungu alibeba sinia la wali na kitoweo, akavuka kwenda Chini. Watu walisimama milangoni. Mmoja alisema, "Anakuja kumaliza kazi." Alipita na sinia lake.

Mjaka alikuwa barazani kwake, amekalishwa juu ya mkeka, mikono imepakwa mafuta ya nazi na kuviringishwa vitambaa, imelala juu ya magoti kama vitu vya mtu mwingine. Kesho yake asubuhi lori lilikuwa limpeleke hospitali ya mjini. Pembeni yake palikuwa na dema lililosukwa nusu.

Makungu akaweka sinia, akakaa.

"Hukugonga," alisema Mjaka.

"Sikugonga."

"Nilikuwa nimesimama karibu. Kwa ajili ya mama. Nilisema leo nisichelewe."

Makungu akalivuta sinia karibu. Akanawa, akafinyanga tonge, akalipeleka. Mjaka akageuza uso. Mkono wa Makungu ukabaki pale pale. Tonge likaanza kumomonyoka, punje zikamdondokea Mjaka kifuani. Mwishowe Mjaka akafungua mdomo. Kwa kula tu, si kwa lingine. Macho yake hayakutoka kwenye lile dema.

Hapo ndipo Bwana Borafya alipotokea, shingo imempinda, nyuma yake watu wa Juu, na nyuma yao watu wa Chini waliokuja kuhakikisha hakusemwi kitu bila ya wao kukipinga. Akasimama mbele ya baraza, akafunga vifungo vya koti.

"Mzee Makungu bin Vuai! Shujaa wa moto! Katika siku hii tukufu, wewe uliyepita ndani ya ndimi za fitina ukatoka salama, historia ya visiwa hivi inakusikiliza. Wananchi wamekusanyika. Kesho maneno yako yatafika mjini. Tamka neno moja: umejifunza nini ndani ya banda lile?"

Watu wakatega masikio. Hata yule ng'ombe alinyamaza.

Makungu alikuwa anafinyanga tonge la pili.

"Nipishe mwangani, bwana," alisema. "Simwoni mdomo."