Msuguano Ndani ya Lifti ya Kigobe

Mwaka ule karibu darasa zima tulianguka fizikia kwa jibu moja: themanini. Swali lilikuwa sanduku la kilo ishirini ndani ya lifti inayopanda huku kila sekunde ikiongeza mwendo wa mita mbili kwa sekunde. Tutafute msuguano wake na sakafu. Wote tulikuwa tumetoa fotokopi ya daftari la mwanafunzi mmoja aliyetutangulia, na daftari lilisema chukua kilo, zidisha kwa kumi ya mvutano wa dunia upate uzito, kisha kwa 0.4 ya msuguano, basi. Lifti yenyewe wengi wetu hatukuwahi kuipanda.

Ikabaki duru ya pili, mtihani wa mdomo. Nikianguka tena nafukuzwa chuo, narudi kwetu Ruziba kuuza samaki na mama. Mama nampenda sana, lakini samaki wake nimewachoka.

Wenzangu walitafuta jibu sahihi, tisini na sita, wakalikariri. Mimi nina kichwa kigumu: nisichokielewa hakikai. Nikaazima mizani ya mama, ile ya kuning'iniza samaki, nikachukua tofali na kamba, nikaenda kwenye jengo moja la mtaa wa Kigobe lenye lifti.

"We dada, tofali ya nini?" akauliza mlinzi.

"Ya masomo, papa."

"Masomo gani ya tofali?"

Aliingia nami, maana hakuniamini hata kidogo. Nikafunga kamba, nikaliburuta tofali polepole kwa mizani. Lifti ilipoanza kupanda, mshale wa mizani uliruka. Ilipoanza kushuka, mshale ukapungua kuliko tulipokuwa tumesimama. Tulirudia mara nane, na mwishowe mlinzi ndiye aliyekuwa akibonyeza vitufe na kunisomea mizani. Hapo nikaelewa: lifti ikianza kupanda, sakafu inakisukuma kitu zaidi, nacho kinang'ang'ania; ikianza kushuka, sakafu inakikimbia, kinalegea. Nilifurahi mpaka nikacheka peke yangu.

Siku ya mtihani tuliitwa watano pamoja. Mwalimu akaandika ubaoni sanduku lile lile na namba zile zile, ila sasa lifti ilikuwa inaanza kushuka. Wanne walionitangulia hawakusoma hata mpaka mwisho. Tisini na sita, kila mmoja, na kila mmoja akapewa sifuri.

"Sitini na nne," nikasema.

"Umekariri wapi hiyo?"

"Sikukariri, mwalimu. Inashuka. Kumi toa mbili ni nane, mara ishirini ni mia moja sitini, mara 0.4."

Akaandika kumi na nane juu ya ishirini. Nilikuwa nimepita. Kisha akaninyooshea chaki niwaeleze wenzangu.

Nilianza kwa Kifaransa cha darasani, kikanigomea katikati, nikaendelea kwa Kiswahili chetu: "Muone, sanduku, sakafu inamukimbia chini." Mwalimu, ambaye hakuwahi kuruhusu Kiswahili darasani, alienda kukaa kwenye benchi letu akanisikiliza mpaka nilipomaliza.