Kata!

Krrr, krrr, krrr. Kamera ile ililia kama cherehani, na hata leo nikipita kwa fundi wa nguo moyo wangu huruka.

Ilikuwa wakati bwawa la Jinja likijengwa. Wapiga filamu walikuja kwetu Busiu, wakanipa kazi ya kusimama migombani na panga, nyuma ya mwanamke aliyeigiza mke wa mkulima. Nilikuwa nimeshawatangazia majirani wote kwamba wataniona sinema Mbale.

Kamera ikaanza. Mzungu akasema neno, mkalimani akapaza sauti, "Kata!" Nikakata mgomba. Wakaanza upya. "Kata!" Nikakata wa pili, tena kwa madaha.

"Wewe mtoto, unamaliza matoke yangu!" mama mwenye shamba akapiga yowe.

Mkalimani alicheka mpaka akachuchumaa. "Dada, mimi nasema kamera ikate picha, siyo wewe!"

Panga langu akapewa msichana mwingine.

Walipoondoka wote, nilirudi migombani peke yangu. Nikasimama palepale, nikainua uso na mkono mtupu. "Krrr," nikanong'ona, nikakaa hivyo kwa muda. Kisha nikajiambia polepole, "Kata," nikashusha mkono.