Niliyempenda Kuliko Mungu

Madrasa tulifundishwa kwamba Mungu hupendwa kuliko mali, kuliko wazazi, kuliko hata mtoto wa kumzaa. Niliitikia kwa sauti pamoja na wenzangu, maana mtoto sikuwa naye. Kuitikia si kazi.

Nilimpata wa kike, huku Mnyambe, miaka ile tulipoambiwa soko sasa ni huria. Mashine ya maji ya serikali ilikuwa imekufa na hakuna aliyekuja kuitazama. Maji yakawa biashara ya vijana wa baiskeli, wanayapandisha kwa madumu kutoka bondeni, na asiyechangamka analala na kiu. Mume wangu alikuwa Masasi akitafuta mnunuzi wa korosho. Mtoto akaanza kuhara na kutapika. Zahanati waliniambia nimpe maji yaliyochemshwa, yenye sukari na chumvi, nisichoke. Kuchoka sikuchoka. Maji ndiyo yaliyoisha, na siku hiyo baiskeli haikupita hata moja.

Nyumba nzima ilibakiwa na birika moja la maji, la udhu, la mama mkwe wangu. Hatukuligusa hata siku tulizokula bila kunawa. Ilipoadhiniwa alasiri nilimwona analiinua. Macho ya mtoto yalikuwa yamezama, analia bila machozi. Hasira ikanipanda, adabu zote zikanitoka.

"Mama, huyu nampenda kuliko Mungu," nikamwambia.

Nilingoja anifukuze. Akayamimina maji yote kwenye sufuria, akaiteleka, kisha akainama, akapiga viganja kwenye udongo wa uani, akajipaka usoni na mikononi, udhu wa asiye na maji. Hapo ndipo aliponijibu.

"Usiniambie mimi, mwanangu. Mwambie Mwenyewe. Usimfiche."

Akaenda kusali. Nilimnywesha mtoto kijiko kwa kijiko, na kila kijiko alikitapika. Kabla ya magharibi alikata roho mapajani mwangu.

Wanawake walinisihi niseme kwamba sisi ni wa Mungu na kwake tutarejea. Ulimi ulikataa. Alipokwisha kuzikwa, nikaachwa peke yangu, ndipo nikakaa kwenye mkeka nikamwambia Mwenyewe: huyu nilimpenda kuliko Wewe, umemchukua, na nimekukasirikia. Nikaogopa sana. Nikalia, na nilipotafuta wa kumlilia sikumwona mwingine ila Yeye huyo huyo.