Salamu Niliyoipokea Bila Kugeuka

Cheka ukitaka, lakini kwanza nisikilize. Haya yalinipata mimi mwenyewe, Jumamosi mchana kweupe, sebuleni kwangu Miyuji.

Marehemu baba alikuwa mwalimu wa hesabu Kongwa. Aliniachia kompyuta ya zamani, zile ambazo ni kibodi tupu: unaichomeka kwenye televisheni, programu unaipakia kwa kaseti. Kwenye kaseti yake kulikuwa na fumbo lililomhangaisha mpaka anastaafu: farasi wa chesi apite vyumba vyote sitini na vinne, asirudie hata kimoja. Najua, majibu yamejaa vitabuni. Baba alitaka la kwake, akafa hajalipata. Nikaapa nitalimalizia.

Nilikuwa na miaka ishirini na tisa. Hilo ulikumbuke.

Siku hiyo farasi alishafika chumba cha sitini na moja. Roho juu! Umeme ukikatika, kila kitu kinafutika, na umeme wetu unaujua. Sikula, sikunywa. Upepo unaingiza vumbi mlangoni, hata kwenda kufunga nimeshindwa.

Nyuma yangu nikasikia, "Shikamoo."

Nani ageuke? Nilijua ni mtoto wa jirani. "Marahaba," nikasema, macho kwenye kioo.

"Umeipokea?"

"Nimeipokea, pita."

Ndipo sauti ile ikanishtua, haikuwa ya mtoto, nikageuka. Alikuwa mzee, mzee hasa, mgongo umepinda, kichwa cheupe chote. Niliona aibu mpaka jasho likanitoka. Mtu wa umri wa babu yangu ananiamkia, nami naitikia!

"Nisamehe, babu. Shikamoo."

Hakuitikia. Akacheka. "Umeshapokea, mama. Hairudishwi."

Niamini, mgongo wake ulinyooka huku namwangalia. Aliingia mzee, akatoka mlangoni akiwa kijana, anatembea haraka haraka kama mtu aliyechelewa.

Nikageukia televisheni. Sitini na nne! Farasi kamaliza. Nikanyoosha mkono nichukue kalamu ninakili, na mkono niliouona ulikuwa na makunyanzi, unatetemeka. Sijaandika hata namba moja, umeme ukakatika.

Hospitali hawakuona ugonjwa wowote. Nywele zimekuwa nyeupe zote. Wiki iliyopita mama yangu mzazi alikuja kutoka Kongwa, akanikuta nimekaa barazani. "Shikamoo, bibi," akasema. "Mwanangu nimemkuta?" Nililia, ila sikumwitikia. Sitaki na miaka yake.

Sasa ninyi mnaoinamia mafumbo kwenye simu, ukisikia shikamoo nyuma yako, geuka kwanza umwone mtu. Mimi si mbaya, nakuapia. Lakini kila siku napita vibandani pale Ipagala, nawaona mlivyozama, hakuna anayeinua kichwa. Salamu inanijaa mdomoni. Mpaka leo naimeza, lakini sijui kesho.