Lango la Kwenda Mashineni

Niliolewa Susuni miaka ile ya vijiji vya ujamaa, na mara ya kwanza kuingia mahakamani nilikwenda kwa ajili ya kesi ya mama mkwe.

Serikali ilitwaa mashamba yetu yaliyokuwa upande wa chini wa nyumba, ikaanzisha shamba la mbegu. Hilo halikutugombanisha. Mkutano wa kijiji ulifanyika, tukapewa mashamba mengine upande wa juu, tukaimba, tukalima. Msimu wa pili akaletwa meneja mpya. Alipanga nyumba hapo hapo kijijini, kisha akazungusha waya wa miba shamba zima. Njia yetu ya kwenda mtoni na kwenye mashine ya kusaga ikaishia kwenye waya. Ikabidi tuzunguke kilima na mizigo kichwani.

Mama mkwe alimfuata mara tatu. Mara ya tatu akajibiwa, "Mama, hii ni mali ya umma."

Nilipomtafsiria, akauliza kwa Kikurya, "Kwani mimi ni nani?"

Kesho yake tukaenda Mahakama ya Mwanzo. Mimi nilikuwa mkalimani, maana nilikuwa nimefika darasa la saba.

Karani akashika kalamu. "Anaishtaki serikali?"

Nikamuuliza mama mkwe, kisha nikajibu, "Hapana. Anasema anaushtaki waya."

Karani alicheka mpaka akavua miwani. Mwishowe akaandika jina la meneja.

Siku ya kesi meneja alikuja na ramani. Alieleza vizuri, kwa Kiswahili kilichonyooka, kwamba kuzunguka ni mwendo wa dakika kumi tu. Hakimu, kijana mwenye viatu vinavyong'aa, akafunga faili.

"Basi, ndugu meneja, twende tukaione njia hiyo."

Tukaenda pamoja na wazee wawili wa baraza. Mama mkwe alitangulia, amejitwisha mahindi yake kama siku yoyote ya kusaga. Dakika kumi zilipita hata nusu ya kilima hatujafika. Viatu vya hakimu vilikuwa vimegeuka rangi. Mzee mmoja wa baraza akaketi juu ya jiwe, akasema yeye ameshaona vya kutosha. Hakimu akaamua turudi.

Tulipofika pale njia yetu ya zamani ilipokatiwa, waya ukatikisika. Mwanamke alikuwa akipenya chini yake kutoka shambani, anaburuta mfuko wa unga. Akainuka, akajikung'uta vumbi, akatuona.

Alikuwa mke wa meneja.

"Shikamooni," akasema taratibu.

"Unapita hapo?" mumewe akamuuliza.

"Sasa nipite wapi? Kule kilimani ni mbali!"

Mama mkwe hakuhitaji mkalimani. Alicheka mpaka nikalazimika kumshikia mzigo. Wazee wakacheka, hakimu akajifanya anasoma ramani, na mwishowe meneja mwenyewe akashindwa kujizuia.

Hukumu ilisomwa wiki iliyofuata: lifunguliwe lango, wapite watu na mifugo. Mifugo mama mkwe hakuwa ameiomba. Njia nzima ya kurudi nyumbani alinitaka nirudie maneno hayo mawili, "na mifugo", kwa Kiswahili, mpaka akayakariri.

Meneja aliweka lango la mbao nzuri, pana kuliko alivyoamriwa. Mke wake akawa anapita kutuchukua siku za kusaga, na mama mkwe na yeye walikwenda wakipiga soga, huyu kwa Kikurya, yule kwa Kiswahili, bila kuniuliza neno.